Mfumo Umekamilika, Daftari Bado Lipo Mezani

Ingia ofisi yoyote iliyonunua programu mpya hivi karibuni, uangalie pembeni ya kompyuta. Mara nyingi utakuta daftari. Karani anaingiza taarifa kwenye mfumo kwa sababu ameagizwa, kisha anaandika zilezile kwenye daftari kwa sababu anazihitaji. Muulize mkuu wa ofisi, atakwambia wafanyakazi wake ni wagumu wa kubadilika. Muulize fundi aliyeujenga mfumo, atakutolea waraka wenye sahihi za pande zote mbili: kila kilichoombwa kimo. Lifungue hilo daftari lenyewe, utakuta safu moja ambayo kwenye mfumo haipo.

Safu hiyo ilikosekanaje, wakati vikao vilifanyika na sahihi zikawekwa? Uhandisi wa programu una fani nzima ya kubaini mahitaji, yaani kujua watu wanataka mfumo ufanye nini na katika mazingira gani. Una fani nyingine, jirani yake, ya kuboresha michakato: namna timu inavyopanga, inavyojenga, inavyopima na inavyojikosoa. Vyuoni hufundishwa kama masomo mawili, na kazini hukabidhiwa watu wawili wasiozungumza sana. Mimi naziona kuwa kazi moja. Mahitaji mengi hayajulikani hata na wenyewe mpaka washike kitu mkononi wakitumie. Kwa hiyo mchakato wa kutengeneza programu ningeupima kwa maswali mawili tu: unapokosea, unachukua muda gani kugundua? Na kabla hujagundua, ni watu wangapi wameshaumia?

Mfano ulio karibu nasi ni M-Pesa, ambayo haikuanza kama tunavyoijua.

Walichoombwa, na walichokikuta Mathare

Tarehe 11 Oktoba 2005 Vodafone ya Uingereza na Safaricom ya Kenya walianza jaribio dogo Nairobi, Mathare ikiwemo, na Thika. Sehemu ya fedha ilitoka kwenye mfuko wa serikali ya Uingereza wa kuchochea huduma za fedha kwa watu wa kipato cha chini. Wazo lilitoka kwa Nick Hughes wa Vodafone, na Susie Lonie ndiye aliyekwenda Kenya kulisimamia. Hitaji lilikuwa limeandikwa vizuri kabisa: wakopaji wa taasisi ya mikopo midogo, Faulu Kenya, wapokee mikopo na kuirejesha kwa simu. Hapo kabla walikopa kwa vikundi, wakakutana kila mara, fedha ikahesabiwa mkononi na mweka hazina akaipeleka benki. Safari, foleni, hatari ya kuporwa njiani. Gharama hizo zote zilitarajiwa kuondoka. Wateja wa jaribio walikuwa pungufu kidogo ya 500, na maduka ya mawakala 8.

Kwa mujibu wa waraka, mfumo ulifanya kazi. Mkopaji aliweza kulipa bila kutoka dukani kwake. Kasoro ikajitokeza hapohapo kwenye mafanikio: mtu anayelipa akiwa mbali hana sababu ya kuhudhuria kikao, na mkopo wa kikundi unasimama juu ya watu kuonana, kudaiana uso kwa uso na kujua nani ameyumba. Kikao ambacho kwenye michoro kilionekana ni gharama, kwa Faulu kilikuwa ndiyo dhamana. Tena hesabu za simu na vitabu vya Faulu havikuzungumza. Wahasibu wakawa wanalinganisha malipo kwa mkono, moja baada ya jingine.

Wakati huohuo wateja walikuwa wanaitumia huduma kwa mambo ambayo hayakuandikwa popote. Wafanyabiashara walilipana wenyewe kwa wenyewe. Wengine waliweka mauzo ya siku jioni, wakayatoa asubuhi, maana benki hufungwa mapema na duka la wakala lilikuwa bado wazi. Simu ikawa kasha la fedha la usiku mmoja. Wapo walioweka fedha sehemu moja ya jaribio, wakasafiri mikono mitupu, wakatoa walikofika. Wengine walinunua muda wa maongezi wakawarushia ndugu zao kijijini.

Hapa ndipo miradi mingi ingekufa, au mbaya zaidi, ingeendelea. Timu ingeweza kusema wateja wanaitumia vibaya, ikaongeza mafunzo na kufunga njia za pembeni. Badala yake jaribio lilipomalizika mwaka 2006 mikopo iliwekwa kando. Huduma iliyozinduliwa nchi nzima Machi 2007 ilikuwa nyepesi kuliko ya jaribio: weka, toa, tuma, nunua muda wa maongezi. Tangazo lilisema tuma pesa nyumbani, basi. Kabla mwaka ule haujaisha wateja walishapita milioni moja.

Watu husimulia habari hii kama kisa cha bahati. Mimi naona kitu kingine. Hakuna dodoso ambalo lingemfanya muuza duka wa Thika aseme, "Nahitaji kasha la fedha la usiku," kwa sababu kabla ya simu hiyo kitu kama hicho hakikuwemo katika vitu vya kuombwa. Kilichoigundua haja yake ni jaribio lenye watu wachache, lililodumu miezi kadhaa, likiwa na mtu wa kuangalia kinachotokea na mamlaka ya kubadilisha mpango. Angalia pia kwamba baadhi ya mahitaji yalikuwa sahihi tangu mwanzo na hayakuguswa: huduma ilikaa ndani ya laini ya simu, kwenye menyu fupi, ili ifanye kazi kwenye simu ya bei ndogo kuliko zote. Ingehitaji simu ya gharama, yote mengine yasingekuwa na maana.

Mahitaji mengine yalichelewa miaka. Kutuma fedha kwa namba isiyo yake ni balaa ambalo kila mtumiaji analijua. Baadaye Safaricom iliongeza hatua inayoonyesha jina la mpokeaji na kukupa sekunde chache za kusitisha. Wateja 500 wanaofahamiana hawakosei namba kiasi cha kuonekana kama tatizo. Mamilioni hukosea kila siku. Hitaji linaweza kuzaliwa na wingi tu.

Alfajiri kituoni

Tuache simu, tuende kwenye maziwa. Mfano ufuatao si wa ushirika fulani; nimeuunganisha kutokana na mambo ya kawaida ya vituo vya kukusanyia maziwa, na yeyote aliyewahi kusimama kituoni saa kumi na mbili asubuhi atayatambua.

Mwenyekiti wa ushirika anasema anataka mfumo wa kurekodi maziwa na kulipa wafugaji. Mchambuzi, yaani mtu anayekusanya mahitaji ya mfumo, anakaa naye na mhasibu, chai inaletwa, na saa mbili zinatosha: namba ya mfugaji, tarehe, lita, bei, makato ya pumba na dawa zilizochukuliwa kwa mkopo, malipo ya mwisho wa mwezi. Inaandikwa. Kila kitu ni kweli, na hakuna aliyedanganya. Tatizo ni kwamba mwenyekiti na mhasibu wanayajua maziwa baada ya kugeuka kuwa jumla ya mwezi.

Sasa nenda pale yanapomiminwa. Kijana anafika na baiskeli, madumu manne, ya nyumba tatu. Karani anapima msongamano wa maziwa kwa laktomita, kifaa kidogo kinachoelea, kuona kama yametiwa maji, ananusa, anamimina kwenye kipimo, anaandika. Dumu moja analikataa. Kwenye daftari haandiki sifuri, anachora kiduara kidogo na kulirudisha. Hakuna aliyekitaja kiduara hicho ofisini. Mwisho wa mwezi viduara vikifika vitatu mbele ya jina moja, karani humtuma mtu akamwone mfugaji: ng'ombe anaumwa chuchu, au kuna anayechezea maziwa njiani? Huo ni mfumo mzima wa kulinda ubora, na unaishi ndani ya alama ya kalamu.

Mbele kidogo kuna nyumba yenye namba mbili za uanachama. Ng'ombe ni walewale. Maziwa ya asubuhi yanaandikwa kwa baba, ya jioni kwa mama. Kwenye nyumba nyingi za wafugaji, maziwa ya jioni ndiyo fedha ya mama: chumvi, daftari za watoto, mchango wa kikundi. Waraka wa mchambuzi unasema "kila kaya iwe na akaunti moja", kwa sababu mhasibu alilalamika kuhusu majina yanayojirudia. Ujenge mfumo huo kama ulivyoandikwa na umemnyang'anya mwanamke mapato yake kwa mstari mmoja wa msimbo, yaani maagizo ya programu, bila mtu yeyote kukusudia.

Ndiyo maana wazoefu wa kazi hii hawategemei mahojiano peke yake. Huketi pembeni wakatazama kazi ikifanyika. Huomba fomu za zamani zilizojazwa, maana fomu tupu haisemi kitu, na husoma yaliyoandikwa pembezoni. Huuliza kuhusu siku mbaya: umeme ulipokatika mlifanyaje? Mfugaji akifa kabla ya mwisho wa mwezi, analipwa nani? Swali la "unataka nini" huleta jibu la jumla, la "niambie mara ya mwisho lilipotokea" huleta kazi yenyewe. Kisha huchora skrini kwenye karatasi na kumpa karani kalamu ajifanye anatumia. Mchoro wa dakika kumi hufichua mengi kuliko waraka wa kurasa arobaini, kwa sababu waraka watu huusoma kwa adabu na mchoro huubishia.

Yakishapatikana, mahitaji yaandikwe kwa namna inayopimika. "Mfumo uwe rahisi na wa haraka" haiwezi kujengwa wala kukaguliwa. Mtengenezaji ataona ametimiza na karani ataona ametapeliwa. Linganisha na hii: karani ampokee mfugaji mmoja kwa sekunde zisizozidi 20, kwa mkono mmoja uliolowa, bila intaneti, na taarifa zijipeleke zenyewe mtandao ukirudi. Ghafla tunajua vitufe viwe vikubwa, data ihifadhiwe kwenye kifaa, na jaribio la kukubali mfumo lifanyike kituoni, si kwenye chumba cha mikutano. Wataalamu hutenganisha mahitaji ya kiutendaji, yaani mambo ambayo mfumo unafanya, na mahitaji ya ubora, yaani unayafanya kwa kasi gani, kwa usalama gani, katika hali gani. Miradi mingi ya kwetu huandika ya kwanza kwa kirefu na kuyapa ya pili aya moja ya maneno mazuri, na ya pili ndiyo huuangusha mfumo.

Yapo pia mahitaji ambayo hakuna mtu kituoni atakayeyataja. Kenya ina sheria ya kulinda data tangu 2019, na Tanzania ilipitisha Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi mwaka 2022. Namba ya kitambulisho, namba ya simu na deni la mfugaji ni taarifa binafsi. Mwenye wajibu wa kuliingiza hilo kwenye orodha ni mchambuzi, aombwe asiombwe.

Na wadau hawakubaliani. Kuhusu akaunti ya mama, mhasibu anataka majina yapungue, mwenyekiti hataki ugomvi wa ndoa uletwe ofisini, mama anataka fedha yake, baba pengine yuko kimya kwa makusudi. Vitabu hukuambia "patanisha mahitaji yanayokinzana" kana kwamba ni suala la kupanga rangi. Kila chaguo hapa linampa mtu nguvu na kumpunguzia mwingine. Mchambuzi anayenyamaza ili asionekane anaegemea upande ameshaegemea: ameegemea upande wa yule aliyeketi naye kwenye chai. Afadhali aandike wazi kwamba jambo hili lina pande mbili, uamuzi umefanywa na nani na lini. Baada ya mwaka, mtu akiuliza kwa nini mfumo uko hivi, pawe na jibu.

London, Oktoba 1992

Hilo la kutokwenda pale kazi inapofanyika si ugonjwa wa nchi maskini. Huduma ya magari ya wagonjwa ya London ilikuwa inapokea simu kati ya 2,000 na 2,500 kwa siku. Utaratibu wa zamani ulikuwa wa karatasi: mpokea simu anajaza fomu, fomu inasafiri kwenye mkanda wa kupitisha karatasi, mgawaji anachagua gari, mwingine anaita kwa redio. Ulikuwa wa polepole, na uongozi ulitaka kompyuta ijue kila gari liko wapi na ichague lililo karibu. Wazo zuri. Tarehe 26 Oktoba 1992 likawashwa kwa jiji zima kwa mara moja.

Mfumo ulidai kitu kimoja ambacho hakuna aliyekiandika kama hitaji kwa uzito wake: taarifa kamili, sahihi, kila wakati. Wahudumu walitakiwa kubonyeza kitufe wanapoondoka, wanapofika, wanapomchukua mgonjwa, wanapokuwa huru. Mtu aliyemshikilia mgonjwa anayevuja damu habonyezi vitufe kwa mpangilio. Wengine walichukua gari tofauti na lile ambalo kompyuta ilidhani wanalo, kama walivyozoea. Redio ilikuwa na sehemu isizofika. Basi kompyuta ikaanza kuamini mambo ambayo si kweli, ikatuma magari mawili mahali pamoja na kuacha pengine bila gari. Kila hitilafu ilizaa ujumbe wa tahadhari, tahadhari zikajipanga mpaka zikapotea juu ya skrini, wananchi waliochoka kusubiri wakapiga tena, na simu zao zikaongeza foleni. Siku iliyofuata wakarudi kwenye utaratibu wa nusu mkono. Tarehe 4 Novemba mfumo ukazimika kabisa, wakarudi kwenye karatasi.

Uchunguzi uliotoka Februari 1993 uligundua kwamba kuzimika kule kulitokana na kipande kidogo cha msimbo kilichoachwa na mtengenezaji mmoja wiki tatu kabla. Kila gari lilipotumwa, kilishika sehemu ndogo ya kumbukumbu ya seva na hakikuiachia, hadi ikajaa. Ingekuwa rahisi kuishia hapo: fulani alisahau, fulani afukuzwe. Wachunguzi hawakuishia hapo. Waliandika kuhusu ratiba isiyowezekana, zabuni ya bei ya chini, mfumo uliowashwa huku matatizo yanayojulikana yakiwa hayajatatuliwa, mafunzo yaliyofanywa mapema mno watu wakasahau, na wahudumu wa magari ambao hawakushirikishwa ipasavyo.

Jaribio la pili lilifanikiwa mwaka 1996, na lilikwenda polepole hadi kuudhi. Walianza na sehemu ya kupokea simu tu. Ilipozoeleka wakaongeza nyingine. Watumiaji waliona skrini zikiwa bado michoro, wakakosoa, zikabadilishwa. Jiji lilikuwa lilelile, na kazi ileile. Tofauti kubwa ilikuwa kwamba kila dhana sasa ilijaribiwa peke yake, palipokuwa bado na njia ya kurudi nyuma.

Kuboresha mchakato, maana yake nini hasa

Historia ya eneo hili imejaa majina makubwa, na sioni sababu ya kukaa nayo sana. Mwaka 1968 wataalamu walikutana Garmisch, Ujerumani, wakijadili kwa nini programu zinachelewa, zinazidi bajeti na hazifanyi kazi. Ni mkutano uliolipa nguvu jina la uhandisi wa programu. Mwaka 1970 Mmarekani Winston Royce alichora hatua zinazoshuka kama maporomoko: mahitaji, usanifu, ujenzi, majaribio, matumizi. Ulimwengu uliuchukua mchoro, ukaruka aya ya chini yake, ambapo Royce mwenyewe aliandika kwamba kuutekeleza hivyo ni hatari na ni kukaribisha kushindwa. Alishauri kazi ijengwe mara mbili na mteja ahusishwe njiani. Baadaye Watts Humphrey na wenzake katika taasisi iliyopo Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon walitengeneza ngazi tano za kupima ukomavu wa namna timu zinavyotengeneza programu, toleo lake la kwanza kamili likatoka 1991. Mwaka 2001 watu 17 walikutana Snowbird, Utah, wakatangaza kwamba programu inayofanya kazi na mazungumzo na mteja vina thamani kuliko nyaraka nene na mikataba.

Kila moja ya hatua hizi ilikuwa na ukweli, na kila moja imegeuzwa kuwa ibada. Zipo kampuni zenye cheti cha ukomavu ukutani ambazo hazijawahi kumtembelea mtumiaji. Zipo timu zinazosimama kila asubuhi robo saa, zinabandika karatasi za rangi ukutani, zinakamilisha awamu ya wiki mbili kwa makofi, na kitu walichokamilisha hakijaguswa na mtu yeyote nje ya chumba kile. Awamu fupi ina faida pale tu mwishoni mwake anaposimama karani halisi na kusema "hapana, hivi haiwezekani". Bila karani, umekata gogo refu kuwa magogo mafupi.

Nadhani njia nzuri ya kuuboresha mchakato ni kuanzia kwenye kosa moja lililotokea na kulifuata nyuma bila huruma. Viwanda vya Toyota vilizoea kuuliza "kwa nini" mara tano. Turudi kwa yule mama. Mwisho wa mwezi hakulipwa. Kwa nini? Maziwa yake yameingia kwenye akaunti ya mumewe. Kwa nini? Mfumo unakubali akaunti moja kwa kaya. Kwa nini? Waraka uliandika hivyo. Kwa nini waraka uliandika hivyo? Walioulizwa ni mwenyekiti na mhasibu, na hao hawafiki kituoni jioni. Kwa nini waliulizwa hao tu? Bei ya mradi ilipangwa kabla mtu hajakwenda kuangalia, na iliruhusu siku moja ya ofisini.

Sasa tazama timu itashika wapi. Ikishika jibu la pili, itaongeza akaunti, itafunga tatizo, mwezi ujao litakuja lingine la ukoo uleule. Ikishika la mwisho, itabadilisha namna inavyopanga bei: ziara ya kituoni inalipwa kwanza, kama kazi inayojitegemea, na bei ya ujenzi inatajwa baada yake. Hapo ndipo kubaini mahitaji na kuboresha mchakato vinapokutana kweli. Tahadhari moja: mnyororo wa "kwa nini" hufuata njia moja tu, na anayeuliza huwa na tabia ya kuishia pale pasipomgusa. Mkasa wa London ulikuwa na vyanzo vingi vilivyotokea pamoja. Waulizeni watu zaidi ya mmoja, tena kila mtu peke yake, mbali na bosi.

Namba nazo zinasaidia, zikichaguliwa vizuri. Idadi ya mahitaji yaliyowekewa sahihi haisemi kitu. Idadi ya kazi zilizokamilika kwa wiki hupanda mara tu watu wakijua inahesabiwa. Kipimo ninachokiamini ni cha unyenyekevu zaidi: kila ombi la mabadiliko linapoingia, liandikwe limetoka wapi. Je, mazingira yamebadilika, kwa mfano kodi mpya au bei mpya ya serikali? Je, tulielewa vibaya? Je, tulielewa sawa tukajenga vibaya? Au hatukuuliza kabisa? Dakika moja kwa kila ombi. Baada ya miezi michache rundo lenyewe litakuonyesha udhaifu ulipo. La kwanza likiwa kubwa, hakuna wa kulaumiwa, jengeni kitu kinachobadilishika kwa urahisi. La tatu likiwa kubwa, shida iko kwenye majaribio na ukaguzi wa msimbo. La pili na la nne yakiwa makubwa, kuongeza watengenezaji hakutasaidia hata kidogo.

Mkataba

Kizuizi kikubwa kwa haya yote katika mazingira yetu ni karatasi ya zabuni. Taasisi inaandika hadidu za rejea, inaorodhesha kazi mia na kumi za mfumo, inataka bei moja, muda mmoja, malipo ya mwisho baada ya kukabidhiwa. Mshindani anayesema "siwezi kutaja bei kabla sijaona kazi" anatolewa raundi ya kwanza. Anayeshinda anajua fika kwamba orodha ina mapengo, na anategemea kulipwa mabadiliko baadaye. Au hajui, na atafilisika nayo. Mkaguzi wa hesabu naye atakagua orodha, kwa hiyo kitu kisichotumika na mtu kitajengwa kikamilifu kwa sababu kiko kifungu cha 74.

Kuna njia ndani ya taratibu zilezile. Kazi igawanywe mikataba miwili. Wa kwanza, mdogo, unanunua uchambuzi: siku za kukaa vituoni, michoro iliyojaribiwa na watumiaji, kielelezo kimoja kinachofanya kazi sehemu moja, na orodha ya mahitaji yanayopimika. Matokeo yake ni mali ya taasisi, na yeyote anaweza kuyatumia kushindania mkataba wa pili. Wa pili ulipwe kwa awamu, na kila awamu ikubaliwe mahali pa kazi na mtu anayeitumia, kituo kimoja kwanza, kisha vitano, kisha vyote. Ndani yake kuwe na fungu la mabadiliko lililotajwa waziwazi tangu siku ya kwanza, na jina la cheo chenye mamlaka ya kuamua ombi lipi liingie na lipi lisubiri.

Wahasibu hupinga fungu hilo. Wanaona ni kulipia makosa ambayo hayajatokea. Jibu ni kuwaonyesha hesabu za mfumo uliotangulia: matengenezo ya ziada yaliyolipwa kwa barua za dharura, mishahara ya wanaoingiza taarifa mara mbili, leseni za moduli ambazo hakuna anayezifungua. Fedha hiyo ilitumika, ila iliandikwa kwenye vifungu vingine.